TAHARIRI: Haki ya jirani haifutwi na simu

Sifa zote njema ni za Allah, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba wake. Ama baad.

Ndugu Waislamu, simu imeleta hadi vijijini michezo ambayo watu huicheza pamoja bila ya kuonana. Kijana wa Berega huingia katika mchezo kama Free Fire au eFootball kwa jina la kubuni, akakutana na mwenzake ambaye naye amejificha nyuma ya jina. Miezi hupita, wakawa marafiki. Mitambo ya michezo hii aghalabu huwakutanisha wachezaji wa ukanda mmoja wa dunia, ili mawasiliano yasichelewe. Basi si muhali kwamba yule anayedhaniwa kuwa yuko Nairobi yupo nyumba ya pili, akiisikia adhana ile ile, na wawili hao hawajawahi kupeana salamu njiani.

Hatusemi kwamba urafiki wa namna hiyo ni wa uongo. Mwaka 2014 huko Norway alifariki kijana wa miaka 25, Mats Steen, aliyekuwa na maradhi ya kudhoofika misuli. Wazazi wake walidhani aliishi mpweke. Walipotangaza kifo chake, zilimiminika salamu kutoka kwa watu aliocheza nao, na baadhi yao walisafiri kutoka nchi nyingine kuja kumzika. Walio mbali walimjua. Walio karibu naye kila siku hawakujua.

Hapo ndipo penye hoja yetu. Rafiki wa mchezo humchagua mwenyewe, na ukimchoka unamfuta. Jirani hukumchagua, wala huna ruhusa ya kumfuta. Haki yake imetajwa katika Suratun Nisaa, aya ya 36, awe ni jamaa au si jamaa. Mtume (Swalla Allahu alayhi wasallam) ameeleza kuwa Jibril alimuusia sana juu ya jirani hata akadhani atapewa fungu katika mirathi. Naye alimwagiza Abu Dharr azidishe maji katika mchuzi ili majirani nao wapate.

Wala haki hiyo haikomei kwa Muislamu mwenzetu. Sahaba Abdullah bin Amr, kondoo alipochinjwa nyumbani kwake, aliuliza kama jirani yao Myahudi amepelekewa sehemu yake. Hapa Berega, ambapo hospitali yetu sote ni ya misheni ya Anglikana, somo hili halihitaji maelezo marefu. Katika mchezo kijana haulizi dini ya mwenzake. Itakuwa aibu iwapo atamnyima mtu huyo huyo salamu anapokutana naye kisimani.

Tukumbuke pia mafuriko ya Kilosa ya Desemba 2009 na Januari 2010, mto Mkondoa ulipofurika na maelfu wakakosa makazi. Maji yanapoingia ndani usiku, au mama anaposhikwa na uchungu, anayeweza kufika kabla hakujakucha ni jirani. Je, atakuja kwa mtu asiyemjua hata jina?

Hatuwaambii vijana watangaze makazi yao kwa wasiowajua mitandaoni, kwani hilo lina hatari zake. Tunawaambia waweke simu chini adhana inapoadhiniwa, na wakitoka msikitini wabishe hodi nyumba ya jirani. Wazazi nao wasiishie kukaripia. Wawatume watoto kupeleka sahani ya futari, kumjulia hali mgonjwa, na kusaidia kwenye msiba, kama tulivyotumwa sisi. Maimamu tunawaomba walizungumze jambo hili katika khutba.

Kila msomaji na ahesabu nyumba zinazomzunguka, kisha ajiulize ni ngapi anazozijua majina ya wenyewe na shida zao. Asiyeweza kujibu aanze leo, kabla ya Magharibi.

Tunamuomba Allah atujaalie kuwa majirani wema. Wabillahi tawfiq.