Kabla ya Kuziba Ufa, Jueni Ulikotoka

Familia inapokwenda kuangalia nyumba ya kupanga au kununua, macho hukimbilia rangi, vigae na ukubwa wa jiko. Ni wachache wanaouliza kama nyumba yenyewe imeshikamana vizuri na msingi wake.

Jumamosi alasiri, Septemba 10, 2016, tetemeko la ardhi lenye ukubwa wa 5.9 liliupiga Mkoa wa Kagera. Watu zaidi ya 15 walifariki na nyumba nyingi zilibomoka, hasa zile za tofali au udongo ambazo kuta zake hazikufungwa kwa nondo. Hata pasipo tetemeko, mvua na upepo huupata udhaifu huohuo.

Ukaguzi wa kwanza hauhitaji fundi. Baba, mama au kijana mkubwa azunguke nyumba kwa nje baada ya mvua. Aangalie kama maji ya paa yamechimba udongo na kuuacha msingi wazi. Aangalie pia pale ukuta unapokalia msingi. Akiona upenyo au ufa wa kulala, fundi aitwe.

Kisha atazame pembe za nyumba, madirisha na milango. Ufa mwembamba kama unywele kwenye lipu mara nyingi si wa kutisha. Lakini ufa unaopanda kama ngazi kati ya tofali, au mlango ulioanza kukwama ghafla, huweza kuonyesha kwamba msingi unatitia. Aweke alama ya penseli kwenye ncha zote mbili za ufa na kuandika tarehe. Ufa ukivuka alama, nyumba bado inasogea.

Nyumba ikiwa ya miti, achokoe kwa kisu pale nguzo inapoingia ardhini. Kisu kikizama kirahisi, nguzo imeoza au imeliwa na mchwa.

Juu nako kukaguliwe. Mbao zinazolala juu ya ukuta zinatakiwa kufungwa kwa waya au vyuma vilivyozama ukutani. Zikikalia tofali tu, upepo mkali unaweza kuliezua paa.

Nondo hazionekani kwa macho, hivyo aulizwe mwenye nyumba au fundi aliyejenga: kuna mkanda wa zege wenye nondo juu ya msingi, na mwingine juu ya madirisha? Asiye na jibu asilipwe kodi ya miezi sita kwa haraka.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Ila kuupaka lipu ufa ambao chanzo chake hakijulikani si kuuziba, ni kuuficha. Wakati fundi anasubiriwa, kitanda cha watoto kiondolewe kando ya ukuta huo usiku huohuo.