Michezo ya Mufwankolo isipotee
Mufwankolo na kikundi chake cha Lubumbashi walichekesha wakaaji wa Katanga kwa miaka mingi, redioni na kwenye televisheni, kwa Kiswahili cha nyumbani. Hawakukariri maandishi: walipatana juu ya hadithi, kisha kila mchezaji akajitafutia maneno.

Mwaka 1986 walitunga "Le pouvoir se mange entier", yaani utawala huliwa mzima. Mchezo huo unasomeka leo kwa sababu mgeni, Johannes Fabian, alirekodi mazoezi na kuchapisha maneno yake kitabuni mwaka 1990.

Je, kijana wa Tshangalele anayetaka kuandika filamu ajifunzie wapi? Viongozi wa Haut-Katanga na televisheni ya taifa watafute kanda za zamani, wazitunze, na maneno yake yaandikwe. Tusingoje mgeni mwingine.