Mpuliza mdomo wa bata naye atajwe jina

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo katika ukurasa huu niseme juu ya saksafoni, ambayo sisi wa muziki wa dansi tunaiita mdomo wa bata.

Wapo ndugu wanaodai kwamba chombo hiki kimeuawa na mitambo ya kisasa. Sikubaliani nao. Tangu Adolphe Sax alipokisajili mjini Paris mwaka 1846, sidhani kama kimewahi kuwafikia watu wengi kama sasa, maana kimo ndani ya kila simu. Kinachokufa ni jina la anayekipuliza.

Chukueni mfano wa Sergey Stepanov wa Moldova. Mwaka 2010 alipiga na kundi lake, SunStroke Project, katika mashindano ya Eurovision mjini Oslo, wakashika nafasi ya 22. Watu wakakata kipande kifupi alichokuwa akipuliza huku akizungusha kiuno, wakakiunganisha kijirudie hata kwa saa 10, wakakisambaza kwenye intaneti. Dunia ikacheka. Ni wangapi waliojua jina lake? Yeye angalau alikuwa na bahati: mwaka 2017 kundi lilirudi, safari hii mjini Kyiv, likawa la tatu. Lakini Steve Gregory, aliyepuliza katika "Careless Whisper" ya George Michael ya mwaka 1984, ni nadra kutajwa, ingawa mlio wake unatumika katika mizaha kila siku.

Sina ugomvi na mitambo yenyewe. Saksafoni ya umeme waliyoitoa Yamaha mwaka 2020, ambayo mpigaji anaweza kujisikiliza mwenyewe masikioni, ni msaada kwa kijana aliyepanga chumba kimoja na jirani wanagonga ukuta. (Bei yake ni jambo jingine.) Ila siku hizi wenye sherehe wanatuambia kinanda kinatosha, eti kina kitufe cha saksafoni. Kitufe hakina pumzi! Verckys wa Kongo na Manu Dibango wa Kameruni, wote marehemu sasa, uliwatambua kwa pumzi zao kabla hujatazama jalada la santuri.

Kwa hiyo naomba wanaorusha muziki redioni na kwenye intaneti wamtaje mpulizaji pamoja na mwimbaji. Na wenye bendi, mnaposajili nyimbo, msiandike majina ya waimbaji peke yao. Fedha hufuata majina yaliyoandikwa.

Mwanamuziki,
Morogoro.