Anayekata Pesa Ajitambulishe!

Jamani, tuache kumlaumu mteja. Anaona kwenye taarifa ya benki dola 9.99 zimekatwa na kampuni asiyoijua, akiuliza anaambiwa alijisajili mwenyewe akasahau.

Sisi tunaoandika programu tunajua hilo si jibu. Ujumbe wa malipo ya kadi, kwa kiwango cha ISO 8583, una nafasi ya herufi 40 za jina la muuzaji na mahali alipo. Nafasi ipo! Anayejaza jina lisilofanana na la huduma yake ameamua hivyo. Na tangu Aprili 2020, Visa inamtaka muuzaji amkumbushe mteja angalau siku 7 kabla ya majaribio ya bure kugeuka malipo. Je, ulikumbushwa?

Basi tafuta kiasi hicho katika baruapepe zako, futa usajili, hifadhi ushahidi, kisha wasilisha pingamizi benki kwa maandishi. Usichelewe, makosa mengi yana kikomo cha siku 120. Wala usitegemee kadi mpya pekee, kwani Visa na Mastercard zina huduma za kuwapa wauzaji nambari mpya.

Kusahau si idhini.