Irene Papas: Ugiriki ilipofunga mlango, majirani walifungua

Mwigizaji Irene Papas, mzaliwa wa Chiliomodi karibu na Korintho, alifariki dunia tarehe 14 Septemba 2022 baada ya kucheza katika filamu zaidi ya 70. Urefu wa safari yake haukutokana na kipaji pekee. Nchi yake ilipomfungia mlango, majirani wa ng'ambo ya Bahari ya Mediterania walimfungulia wao.

Jeshi liliponyakua madaraka mjini Athens tarehe 21 Aprili 1967, Papas alikuwa tayari amejipatia jina kwa filamu za Electra na Zorba the Greek. Angeweza kunyamaza ili kulinda kazi yake. Badala yake aliwataka wasanii wa dunia waususie utawala huo, naye akaishi uhamishoni.

Mwaka 1969 alishiriki katika Z, filamu ya Costa-Gavras kuhusu mauaji ya mbunge Grigoris Lambrakis yaliyotokea Thessaloniki mwaka 1963. Kwa kuwa haikuwezekana kuitengeneza Ugiriki, mitaa ya Algiers ndiyo iliyotumika. Papas, katika nafasi ya mjane, ana maneno machache, lakini uso wake unabeba msiba wa taifa zima. Filamu hiyo ilitwaa tuzo ya Oscar ya lugha ya kigeni kwa jina la Algeria, iliyopata uhuru mwaka 1962.

Watazamaji wengi Waislamu humkumbuka zaidi kama Hind binti Utba, mwenye kiu ya kisasi, katika The Message ya mwaka 1976. Upigaji wa filamu hiyo ulipokatizwa Moroko, Libya iliipokea. Mwaka 1981 akaonekana tena katika Lion of the Desert, inayosimulia mapambano ya Omar Mukhtar dhidi ya Waitalia, iliyogharamiwa na Libya.

Hata hivyo, wema huo una upande wa pili. Houari Boumédiène wa Algeria na Muammar Gaddafi wa Libya nao waliingia madarakani kwa mapinduzi ya kijeshi. Waliolipa nafasi simulizi la udhalimu wa Athens hawakuwa tayari kusimuliwa wenyewe. Mkimbizi hachagui sana paa la kujistiri.

Utawala wa kijeshi ulianguka mwaka 1974. Miaka mitatu baadaye, katika Iphigenia iliyotengenezwa Ugiriki, Papas alicheza nafasi ya Clytemnestra, mama ambaye binti yake anatolewa kafara ili jeshi lipate kusafiri vitani. Kisa hicho ni cha kale, ila Wagiriki waliotoka kuishi miaka saba chini ya wanajeshi hawakuhitaji kufafanuliwa.