Aliyeimba Hakutajwa

Jumamosi iliyopita tulibanana watu wanne kwenye laptop moja hosteli, tukaangalia Singin' in the Rain, filamu ya Hollywood ya mwaka 1952. Katikati, mwenzetu mmoja akasema kwa utani, "Huyo Kathy ni mimi semista iliyopita." Wakacheka. Mimi sikucheka, maana Lina wa semista iliyopita nilikuwa mimi.

Kwa ambao hamjaiona: ni mwaka 1927, filamu nyingi bado ni bubu. The Jazz Singer inatoka, watazamaji wanamsikia muigizaji akiimba, na studio zote zinahaha kutafuta sauti. Lina Lamont ni nyota, sura yake inauza tiketi, lakini akifungua mdomo utadhani bawaba isiyotiwa mafuta. Basi Kathy Selden, binti asiyejulikana, anaitwa amwekee sauti. Kathy anaimba, Lina anachezesha midomo. Mwishoni pazia linavutwa mbele ya ukumbi mzima, na Lina anaumbuka.

Kila mtu anamlaumu Lina. Lakini wazo lilitoka kwa nani? Kwa Cosmo, yule mcheshi tunayempenda sote. Na Don, mpenzi wa Kathy, akakubali, mradi iwe filamu moja tu. Walikuwa watu wazuri wenye haraka. Kosa la Lina lilikuwa kutaka ile mara moja iwe maisha yote.

Na si kwenye hadithi tu. Pale Kathy anapoonekana akiimba "Would You?" kwa niaba ya Lina, sauti tunayoisikia si ya Debbie Reynolds anayeigiza Kathy. Ni ya mwimbaji Betty Noyes, na jina lake halimo kwenye orodha ya filamu. Yaani filamu inayomtetea aliye nyuma ya pazia nayo ilimficha wa kwake.

Sasa turudi madarasani kwetu. Kikundi kina watu sita. Mmoja anakesha na majedwali. Mwenye Kiingereza cha kunyooka anasimama mbele kuwasilisha. Mwalimu anamsifu, naye anasema asante. Semista iliyopita aliyesema asante ni mimi. Aliyekesha nilimnunulia chipsi mayai, nikaona yameisha.

Najua mtajibu: kila mtu na kipaji chake, wengine hawapendi kuongea mbele za watu. Sawa, hata Kathy alikubali mwenyewe. Sipingi kugawana kazi, napinga kunyamaza. Barua ya mapendekezo na nafasi ya mafunzo kwa vitendo humwendea yule ambaye mwalimu anakumbuka jina lake. Chipsi hazifidii hilo.

Pendekezo langu ni dogo. Kila kazi ya kikundi iwe na ukurasa mmoja unaosema nani kafanya nini, na anayewasilisha aanze kwa kuusoma. Ma-CR wanaweza kuwaomba walimu wiki hii hii, haihitaji bajeti wala kikao cha seneti.

Mimi nimekwenda kwa mwalimu wetu nikamweleza majedwali yale yalikuwa ya nani. Aliuliza kwa nini sikusema siku ile. Sikuwa na jibu.