Kifo Kisiigizwe: Kasa, Jukwaa na Majonzi ya Kisiwa Panza

Mwezi Machi 2024, watoto 8 na mtu mzima 1 walifariki dunia Kisiwa Panza, wilayani Mkoani, baada ya kula nyama ya kasa. Wengine 78 walilazwa hospitalini. Novemba 2021, huko huko Pemba, watu 7 walikuwa wamekwisha kufa kwa sababu hiyo hiyo. Onyo lilitolewa, na miaka miwili na ushei baadaye chungu kikatelekwa tena.

Vipeperushi pekee, basi, havitoshi, na wazo la kutumia michezo ya kuigiza lina uzito. Tangu miaka ya 1980 Profesa Penina Mlama na wenzake wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walionyesha jinsi wanakijiji wanavyoweza kuchagua tatizo lao na kuliigiza wenyewe.

Hata hivyo, mwili nao hukumbuka. Sumu ya kasa huunguza kinywa na koo. Aliyeokoka huenda akasikia harufu ya mchuzi tu, koo likakaza, moyo ukaenda mbio. (Mhudumu asikimbilie dawa za vidonda vya tumbo.) Kumwekea mzazi aliyefiwa mwigizaji anayegaagaa jukwaani kama mtoto anayekata roho si elimu, ni kumtonesha kidonda. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2011 kuhusu huduma ya kwanza ya kisaikolojia unakataza kumshurutisha mtu kusimulia yaliyomfika. Kumshurutisha kuyatazama si nafuu.

Ngoma za pepo za Pemba zina la kufundisha hapa. Hata asiyezikubali, kwa hoja ya dini au ya tiba, huona kwamba mwili wa mgonjwa huachwa utetemeke, na jamaa wamemzunguka. Haachwi peke yake, wala haharakishwi.

Kinachofaa kuigizwa ni saa ile kabla ya chungu kutelekwa. Mvuvi ameshuka na kasa, majirani wanangoja mafungu yao, bibi anasema nyama hiyo imeliwa tangu enzi na enzi. Ni kweli, imeliwa, na mara nyingi bila madhara. Ugumu uko hapo. Kasa mwenye sumu hatambuliki kwa macho wala kwa ladha, kupika hakuiondoi sumu, dawa mahususi ya kuipinga haijapatikana, na mama aliyekula humwambukiza sumu hiyo mwanawe anayenyonya kupitia maziwa. Kukataa kitoweo cha jirani ni utovu wa adabu. Maneno ya kukataa bila kumvunjia mtu heshima ndiyo yanayohitaji mazoezi, tena mbele ya watu, mwigizaji akichekwa na asitetereke.

Waliofiwa waulizwe kwanza, nyumba kwa nyumba. Wakisema hawataki mchezo huo uchezwe karibu nao, uchezwe ng'ambo, Mkoani.